Taa ya njano nusura iniumbue kwa mjomba

Mfuko wangu una homa. Wiki hii niliahidi kuwaletea mada ya wale jamaa wanaovaa miwani ya jua usiku, lakini imebidi isogee pembeni kwanza. Kuna soo limenikuta na gari la mjomba, na kwa jinsi ninavyowajua mnavyopenda kuazima mikoko ya watu, bora mlisikie mapema.

Mjomba wangu hamumjui, na bora hivyo hivyo. Ni mzee wa aina ile inayofuta gari kwa fulana safi kuliko aliyovaa mwenyewe. Alisafiri kikazi kwenda Mwanza kwa wiki mbili, akaniachia funguo. Masharti yalikuwa matatu tu: niiwashe kila baada ya siku mbili betri isife, nisivuke Ubungo, na nisipakie mademu. La kwanza nililitimiza kwa uaminifu mkubwa.

Sasa Jumatatu jioni natokea zangu Sinza (ndiyo, nilishavuka Ubungo, tuendelee). Kufika kwenye kona nakata kushoto, ting! Taa ya njano hiyo kwenye dashibodi. Ile taa ina kigari kidogo, halafu nyuma yake mistari miwili imejipinda kama nyoka aliyekanyagwa. Gari linakwenda kama kawaida, breki zinashika, injini haina kelele. Nikazima, nikawasha. Taa ikazimika. Nikashusha pumzi. Kona iliyofuata ya kushoto, ting!

Ungekuwa wewe ungefanyaje? Mimi niliweka kitambaa juu ya dashibodi nikaendelea na safari. Usiku ndipo akili ikanirudia. Mjomba anarudi Jumamosi. Jumapili alfajiri anampakia bibi, mama mdogo na watoto wawili, safari ya Iringa kusaidia maandalizi ya harusi ya binamu. Na anayeijua barabara ya Iringa anaijua Kitonga. Upande mmoja mwamba, upande wa pili bonde, na malori katikati yanapanda kwa kujikongoja. Kwenda unaupanda, kurudi unaushuka. Na mvua zilikuwa zimeshaanza.

Jumanne asubuhi nikawa wa kwanza gereji. Gereji yenyewe bubu, ipo chini ya mwembe. Fundi akachomeka kidude chake cha kupimia chini ya usukani, akakitazama kwenye simu, akatikisa kichwa kama daktari bingwa.

“Bosi, gari lako zima. Hapa hapaonyeshi kitu. Ila kwa taa hii, pampu ya ABS ndiyo inakufa. Laki sita na nusu, nakuletea kesho.”

“Laki sita?”

“Au tufanye kishkaji. Elfu ishirini, naizima hiyo taa. Mzee wako hatajua hata siku moja.”

Wasomaji wangu, mimi na nyinyi hatufichani. Nilikubali. Nikatoa elfu kumi ya utangulizi, fundi akaingia kutafuta bisibisi ya kufungulia dashibodi. Nimekaa kwenye ndoo ya mafuta namsubiri, simu inaita. Bibi.

“Mjukuu wangu, hivi hilo gari la mjomba wako lina mikanda ya huku nyuma? Mwambie asikimbize. Mimi kule Kitonga huwa nafumba macho.”

Nikamwambia lina mikanda, bibi. Nikakata simu. Nikamwangalia yule fundi anakuja na bisibisi yake. Sijui niseme nini, ila niliingia kwenye gari nikaondoka, na elfu kumi yangu nikaiacha chini ya mwembe. Mpaka leo ipo huko.

Hapa hapa niwape dokezo, hasa mnaotaka kununua gari la mkononi. Ukipelekwa kuliona, geuza funguo mpaka taa zote za dashibodi ziwake, injini usiiwashe kwanza. Hiyo taa ya kigari cha nyoka lazima iwake sekunde chache halafu ijizimie yenyewe, maana gari linajikagua. Isipowaka kabisa, wala usishangilie. Kuna mtu ameshapita hapo na elfu ishirini yake.

Jirani yetu mmoja ndiye aliyenielekeza kwa dada mmoja kule Buguruni, fundi umeme wa magari. Nilipofika nikamkuta ameinama ndani ya kipanya, miguu tu nje. Nikamwaga kesi yangu yote. Hakuuliza habari ya taa. Aliuliza:

“Kaka, honi inalia?”

Nikaona huyu naye! Taa na honi wapi na wapi? Nikabonyeza, ikalia vizuri tu. Akaniambia nizungushe usukani kushoto taratibu huku nabonyeza. Ikalia, ikalia, halafu ikanyamaza kabisa. Nikarudisha usukani, ikalia tena. Yule dada akatabasamu kama mtu aliyeshinda bao.

“Nishaanza kumwona mwizi wetu. Sensa ya usukani.”

Sensa, siyo ile ya Agosti 2022 ya kuja kutuhesabu majumbani. Hii inakaa nyuma ya usukani, kwenye mhimili wake, na kazi yake ni umbea tu. Kila ukizungusha usukani inaipelekea habari kompyuta ya breki: amezungusha kulia, nyuzi kadhaa, kwa kasi fulani. Kompyuta inazishika hizo habari, inazilinganisha na za sensa nyingine iliyo katikati ya gari, ambayo inapima gari lenyewe linageukia wapi, na za magurudumu, ambazo zinasema kila tairi linazunguka kwa kasi gani. Yaani upande mmoja kuna dereva anakotaka kwenda, upande mwingine kuna gari linakoelekea kweli. Vikiwa sawa, kompyuta imekaa kimya, na wewe hujui hata kama ipo.

Sasa chukulia uko Kitonga, lami imelowa, unakata kona ya kushoto na tako la gari linachomoka. Kabla hujaita mama, kompyuta inakamata breki ya tairi moja tu, la mbele kulia, na inapunguza nguvu ya injini. Gari linajinyoosha. Wewe unajisifia kwamba ni dereva mkali, kumbe ni kompyuta. Mfumo huo kila kampuni imeupa jina lake: Toyota wanauita VSC, Nissan na Subaru wanasema VDC, BMW wanasema DSC, wengine ESP au ESC. Wa kwanza kuutoa hadharani kwa jina la ESP walikuwa Mercedes-Benz na Bosch, mwaka 1995, kwenye yale madude yao makubwa ya S-Class. Dunia haikushtuka sana mpaka Oktoba 1997, pale waandishi wa gazeti moja la magari la Sweden walipoichukua Mercedes ndogo mpya, A-Class, wakaikwepesha ghafla kama dereva anayemkwepa mnyama barabarani. Ikabinuka mbele yao! Aibu iliyoje. Mercedes wakaamua ESP iwekwe kwenye kila A-Class. Baadaye serikali zikaingilia: Marekani ikalazimisha kwa magari mapya ya toleo la 2012 kwenda mbele, na Ulaya magari yote mapya kuanzia Novemba 2014. Kwa hiyo hii siyo pambo, wala siyo mbwembwe za Wajapani.

Na sensa ikianza kusema uongo? Mara nyingi kompyuta inashtukia, inazima mfumo mzima na kukuwashia ile taa. Breki za kawaida zipo, ila ukiserereka hakuna wa kukudaka. Kibaya zaidi ni pale uongo unapokuwa mdogo usioshtukiwa. Kompyuta inaweza kudhani unakata kona wakati umenyoosha, ikakamata breki ambayo hukuiomba.

Tuendelee na Buguruni. Nikamwambia dada wa watu kwamba kule chini ya mwembe kipimo hakikuonyesha kitu. Akacheka sana. Vile vidude vya bei poa, anasema, vingi vinaingia kwenye injini tu, vinasoma kodi zinazoanza na P. (Kodi, siyo ya nyumba jamani.) Mambo ya breki na usukani yanaanza na C, na mambo ya mawasiliano kati ya kompyuta na kompyuta yanaanza na U. Ukitumia mashine isiyoingia kwenye kompyuta ya ABS, ni sawa na kumtafuta mtu Temeke wakati anakaa Mbagala. Mashine yake ilipoingia, kodi ikatoka ya sensa ya usukani. Kwenye Toyota nyingi, aliniambia, utaona C1231, kwingine C0051, na ukiona U0126 maana yake sensa na kompyuta wamenuniana, hawaongei kabisa.

Nikachomoa simu nianze kuulizia bei. Akanizuia.

“Subiri. Kodi inakuonyesha mtaa tu, nyumba haikuonyeshi.”

Hapo ndipo nilipomvulia kofia. Alianza na betri: gari limezimwa volti 12 na nusu, likiwaka 14. Safi. Maana betri ikichoka, kompyuta zinaanza kuona majini yasiyokuwepo. Akakagua fyuzi. Akafungua plasta za chini ya usukani, akaipata plagi ya sensa, akapima kwa mita kama umeme unafika na kama ethi ipo. Vipo. Akaitikisa ile plagi, haikuwa imelegea.

Halafu akaniweka kwenye kiti, mashine mkononi mwake inaonyesha namba za usukani hapo hapo zinavyobadilika. Magurudumu yamenyooka: 1.5. Karibu na sifuri, hapana ubaya. “Kulia, taratibu.” Namba zikapanda kama ngazi, 20, 45, 90, 180, mpaka karibu 500 usukani ukagota. Hakuna iliyoruka. “Haya, kushoto.” 30, 60, 95, halafu ghafla 310! Halafu vistari tupu. Nikarudisha, namba zikarudi. Tukarudia mara tatu, na mara zote tatu ikachanganyikiwa palepale. Na palepale ndipo honi iliponyamaza.

Maelezo yake ni haya. Usukani unazunguka, lakini nyaya za honi, za vitufe vya redio na za eabegi lazima zifike kwenye usukani huo bila kukatika. Kwa hiyo ndani kuna utepe wa nyaya umejiviringisha kama springi ya saa, unakaza na kulegea kadiri unavyozungusha. Magari mengi ya Kijapani, likiwemo hili la mjomba, huo utepe na sensa vimefungwa pamoja. Ganda lao likichakaa, utepe unasuguliwa na sensa inaruka meno. “Leo honi, kesho eabegi,” alisema. Nilinyamaza. Eabegi ya dereva ndiyo inayomsubiri mjomba.

Akanipa na kisa cha mteja mmoja aliyenunua sensa mbili na taa ikagoma kuzimika. Kumbe alibadilisha tairodi na kufanya alaimenti, basi usukani ukawa umekaa upande. Namba zake zilikuwa zinapanda na kushuka vizuri kabisa bila kuruka, ila gari likinyooka zinasoma 12. Sensa ile ilikuwa nzima! Ilihitaji kunyooshewa usukani na kufundishwa sifuri upya. Kwa hiyo namba zikiruka au zikiganda ni jambo moja, na namba kukaa pembeni ni jambo lingine. Sensa mbili, jamani. Na hakuna wa kumrudishia.

Jumatano nikaenda Ilala, Shaurimoyo, kutafuta sensa ya mtumba, maana bei ya mpya niliposikia nilikaa chini. Dada alikuwa ameniandikia namba ya spea kwenye kiganja kwa kalamu. Akanionya na jambo jingine: iwe imefungwa kwa utepe wa gundi isizunguke, maana ikizungushwa ovyo ikapoteza katikati yake, siku ukikata kona hadi mwisho utepe wa ndani unakatika. Muuzaji akanitolea moja nzuri, inang'aa.

“Zote moja hizi, kaka. Kijapani ni Kijapani.”

Nikafungua kiganja. Tarakimu mbili za mwisho tofauti. Nikamwambia hapana. Akaninunia, akaniita mjuaji, akazama ndani dakika arobaini, akatoka nayo ile ile ninayoitaka. Laki moja na thelathini, garantii ya mdomo. Hiyo hela, kwa taarifa yenu, ilikuwa ya simu. Nilikuwa na laki tatu za kubadilisha hiki kimeo changu chenye kioo cha buibui.

Kufunga kwenyewe tulifanya Alhamisi. Magurudumu yakanyooshwa, funguo zikatolewa, akachomoa ethi ya betri. Nikadhani anaanza. Wapi! Akaagiza chai. Toyota wanaagiza usubiri angalau sekunde 90 baada ya kutoa betri, umeme uliobaki kwenye mfumo wa eabegi uishe. Yeye akangoja dakika kumi na chapati mbili. Eabegi ni baruti, siyo puto la sikukuu. Alipoitoa usukanini, akaichomoa plagi yake ya njano, akailaza mezani uso juu, na akamfukuza mtoto mmoja aliyekuja kuchungulia. Nawaomba, hiyo sehemu msiijaribu nyumbani na bisibisi ya mama.

Akachora alama kwenye mhimili na kwenye usukani ili virudi vilivyokuwa. Nati ya katikati akailegeza lakini hakuitoa, akavuta usukani mpaka ukaachia. Mtu akiitoa nati yote halafu akavuta kwa nguvu, meno yanabaki gereji. Ile sensa ya zamani ilipotoka tuliona kwa macho: ganda limepasuka pembeni, utepe umelika upande mmoja. Mpya, yaani mtumba mpya, ikaingia, plagi zikabana, usukani ukarudi kwenye alama, nati ikakazwa kwa spana ya kupimia. Betri ikarudi. Funguo, geuza.

Taa inawaka!

Nilitaka kulia, kweli tena. Dada anacheka tu. “Hii bado mgeni, haijui mbele ni wapi.” Akaifuta ile kodi, akasema sasa tunatafuta sakafu ya usawa, maana kwake pana mteremko na sensa ya kati nayo inapewa sifuri yake. Tukaishia kwenye kituo cha mafuta, tukaomba pembeni. Magurudumu yamenyooka, usukani katikati, gari limesimama, mashine inasema subiri. Mimi nikapiga chafya huku nimeegemea mlango. Gari likatikisika, mashine ikakataa. Nikafukuzwa nikakae mbali, karibu na ndoo za mchanga, wale vijana wa pampu wananiangalia kama kibaka. Mara ya pili ikakubali. Tukazunguka barabarani, tukanyoosha, tukakata kulia, tukakata kushoto, na honi juu. Kigari cha nyoka kimya.

Hesabu: sensa laki na thelathini, ufundi elfu sitini, mashine elfu arobaini, na elfu kumi ya mwembe. Laki mbili na arobaini. Simu itasubiri.

Jumamosi mjomba akashuka. Shikamoo, marahaba, na kabla hajaweka begi chini nikamwambia yote. Taa, mwembe, bibi, Buguruni, na hata Sinza. Sensa ya zamani nikamkabidhi kwenye mfuko wa nailoni. Aliigeuzageuza, hakusema neno. Akaingia kwenye gari, akazungusha usukani kushoto mpaka mwisho, akabonyeza honi. Kuku wa jirani wakatawanyika.

“Mwezi mzima nilikuwa nakata kona kushoto nikiwapigia watu kelele kwa mdomo,” alisema. “Nikadhani ni honi tu.”

Jumapili wakaondoka na mvua. Jioni bibi akapiga simu kutoka Iringa kwamba wamefika, na kwamba Kitonga alifumba macho vilevile.

Kuhusu hela yangu, mjomba alisema ataangalia mwisho wa mwezi. Nikajua nimesamehewa. Nikageuka nianze kuondoka zangu taratibu, akaniita.

“Mjomba.”

“Naam.”

“Hiki kiti cha mbele cha abiria nani kakilaza hivi?”

Wiki ijayo tukijaliwa ni ile miwani ya jua usiku. Nitaandikia wapi, hilo bado linajadiliwa nyumbani.